Nani Alitangulia Kushika Kalamu

Shule yetu ilikuwa Igoma, kando ya barabara ya Musoma, ndani ya jengo lililokuwa limejengwa liwe ghala la pamba. Mwenye jengo alikuwa mfanyabiashara wa pamba. Serikali ilipowaruhusu watu binafsi kununua pamba kwa wakulima, akanunua. Shule za watu binafsi zilipoanza kuota kama uyoga, akaona ghala moja linabaki tupu nusu ya mwaka, akapandisha kuta za ndani, akatoboa madirisha, akaajiri walimu. Tulimwita Mkurugenzi. Mvua ikipiga lile bati hakuna aliyemsikia mwenzake, kwa hiyo siku za mvua tulifundisha kwa kuandika ubaoni na kunyoosha kidole.

Walimu tulikuwa kumi na wanne. Walikuwapo wastaafu wa serikali, walikuwapo waliopunguzwa kazini, na tulikuwapo sisi tuliotoka chuoni tukakuta serikali haiajiri tena kama ilivyowaajiri kaka zetu. Wastaafu walituona watoto. Waliopunguzwa walimwona kila mtu adui. Sisi vijana tulijiona wasomi, na hakuna aliyetuuliza.

Kitu kimoja tu kilitufanya tukae pamoja bila kupigana, nacho ni ukubwa kazini. Ukubwa kazini ndio uliopanga nani akalie viti sita vyenye mikono, nani amiminiwe chai birika likiwa bado la moto, nani azungumze kwanza kwenye kikao na nani apewe zamu ya Jumatatu, siku ambayo wanafunzi wanachelewa wote. Wahenga walisema mkubwa ni jalala. Katika ofisi yetu hakuna aliyegombea ujalala. Tulikuwa tunagombea birika.

Na ukubwa ulikuwa ndani ya daftari la mahudhurio. Mstari wa kwanza ni mkuu wa shule, wa pili makamu, kisha sisi wengine, kila mmoja kwenye mstari aliosaini siku aliyoripoti. Daftari likijaa, karani alifungua jipya na kuyahamisha majina kwa mpangilio uleule, kama mtu anayehamisha makaburi. Mimi nilikuwa mstari wa saba. Wa sita alikuwa mzee mmoja wa Kisukuma, mstaafu, mwalimu wa Jiografia kama mimi. Wote walimwita Mzee, na mimi nilimwita hivyohivyo.

Tuliripoti siku moja, mimi na yeye, na nitaieleza siku hiyo yote hapa, maana baadaye sikuieleza yote mahali ilipotakiwa.

Nilifika asubuhi nikamkuta Mzee amekaa kwenye benchi la getini. Alikuwa amefika muda mrefu. Vumbi la barabarani lilikuwa limekwisha kwenye kiatu kimoja na alikuwa anafuta cha pili kwa jani. Nikamwamkia shikamoo. Akajibu marahaba, akasema anapunga upepo kwanza. Nikaingia ofisini. Karani akanisogezea daftari na kalamu, nikashika kalamu, na kabla sijaandika herufi, Mzee akaingia. Sasa mtu aliyelelewa kama nilivyolelewa mimi, Bukoba, katika nyumba ya Kilutheri, hawezi kusaini mbele ya mzee aliyesimama. Hata kama angejua kitakachotokea, mkono usingekubali. Nikamkabidhi kalamu kwa mikono miwili, nikasema, "Anza wewe, Mzee." Akaandika mstari wa sita. Nikaandika wa saba.

Kwa miaka miwili ule mstari haukuniuma, isipokuwa kidogo wakati wa chai.

Kisha Mkurugenzi akafungua tawi Magu, mwendo wa saa moja na zaidi kwa basi, katika ghala lake jingine. Tawi lilikuwa na kila kitu isipokuwa mwalimu wa Jiografia. Igoma tulikuwa wawili. Mkuu wa shule akafungua kanuni za kazi, ambazo alizinakili kutoka kwa mwajiri wake wa zamani akabadilisha jina la juu tu, akakuta kifungu kinachosema uhamisho utaanza na aliye mdogo kazini. Ijumaa moja orodha ya ukubwa ikabandikwa ubaoni. Mzee, sita. Mimi, saba. Chini yake, kwa mkono wa karani, jina langu na neno Magu.

Watu wengine wangekwenda. Magu si kuzimu, kuna mchele mzuri na watu wakarimu. Mimi nilikuwa na mama.

Mama alikuwa amekuja kutoka Bukoba macho yalipoanza kumpunguka. Daktari alisema ni presha ya macho, kwamba kilichokwisha kimekwisha, na kilichobaki nacho kitakwisha. Tulipanga vyumba viwili Kirumba, kwenye kiwanja cha mawe, na mama alitumia kile kilichobaki kujifunza mahali pale kabla giza halijafunga. Alijua kwamba ukitoka mlangoni unashika jabali kwa mkono wa kulia mpaka liishe, hapo unasikia bomba. Alijua kwamba harufu ya dagaa kutoka soko la Mwaloni ikimpiga shavu la kushoto ameelekea dukani, na ikimpiga usoni amekosea. Alijua sauti za watoto wa jirani na kona ya ukuta iliyomchubua mara mbili, ambayo alikuwa akiisalimia akipita. Alichota maji yake mwenyewe. Kwa mtu aliyelima migomba yake miaka yote bila kumwomba mtu jembe, ndoo ile ndiyo iliyokuwa imebaki ya utu uzima wake.

Nikimhamishia Magu angejifunza upya, na safari hii bila mwanga. Nikimwacha Kirumba angebaki na nani? Nilikuwa peke yangu. Nilisoma ile karatasi ubaoni mara tatu, na niseme kweli, sikumfikiria Mzee hata kidogo.

Nilikwenda kwa mkuu wa shule. Nikamwambia kwamba mimi na Mzee tuliripoti siku moja, kwamba kalamu nilikuwa nayo mimi, na kwamba mstari wa sita nilimpa kwa adabu tu.

Mkuu alinisikiliza vizuri. Alikuwa mtu wa haki na wa kuogopa, na mara nyingi mambo hayo mawili yalimchosha kwa siku moja.

"Madamu," akasema, "unasema wewe ni mkubwa wake?"

"Kazini, ndiyo."

"Mbona kila asubuhi unamwamkia shikamoo?"

"Ni mzee."

"Ndiyo hapo sasa. Mimi nikiandika wewe ni mkubwa wake, halafu Mkurugenzi aje akusikie unamwamkia, nitamwambia nini?"

Nilicheka, yeye hakucheka. Ikawa ni hoja, na ikasambaa ofisini kabla ya kengele. Mwalimu wa taaluma, aliyekuwa amepunguzwa kazi mahali pawili na kwa hiyo alijiona mwanasheria, akaniita pembeni akanishauri niache kumwamkia Mzee mpaka shauri liishe. "Usijitie kitanzi kwa mdomo wako," alisema.

Jumatatu nikaingia ofisini, Mzee amekaa kwenye kiti chenye mikono. Nikasema, "Habari za asubuhi, mwalimu."

Ofisi nzima ikaacha kusahihisha madaftari.

"Marahaba," akasema Mzee, akaendelea kusoma.

Jumanne nikasema habari za asubuhi. Akasema marahaba. Ikawa hivyo wiki nzima na siku mbili juu. Hakukasirika, hakunigeuzia mgongo. Alijibu kile ambacho mtu mwenye akili timamu angekuwa amemwambia. Wanafunzi wakalijua, na wale wa vidato vya juu wakaanza kusalimiana hivyo nje ya choo. Nilikuwa na hasira naye kuliko ambavyo ningekuwa kama angenitukana.

Naye alikuwa na sababu zake za kutotaka kwenda. Magu ndiko alikozaliwa. Alituambia hivyo kwenye chai, akitazama birika. "Nimetumia miaka thelathini kuondoka Magu," alisema. "Nikirudi leo, kesho yake nitakuwa katibu wa kila msiba. Ng'ombe wa kaka yangu wakila mpunga wa mtu, nitaitwa mimi niandike maelezo ya ng'ombe." Alijaribu kudai kwamba miaka yake ya serikalini ihesabiwe kwenye ukubwa wake. Mkuu akamjibu kwa barua kwamba kule alifundisha watoto wa serikali. Kwa hiyo wote wawili tulibaki na ile asubuhi moja tu ya kuripoti, na shahidi wake mmoja, karani, ambaye alipoulizwa alisema anachokumbuka ni kwamba kalamu haikurudishwa.

Nikaandika barua ya malalamiko kwa Mkurugenzi. Niliandika kwamba siku ya kuripoti nilifika shuleni kabla ya mwenzangu, na kwamba nilimpisha kusaini kwa heshima ya umri wake. Nusu ya pili ilikuwa kweli tupu. Nusu ya kwanza niliiandika kwa mwandiko uleule, haukutetemeka.

Mama akagundua habari ya salamu. Jirani yetu alikuwa na mtoto pale shuleni, na Kirumba siri hailali na mwenyewe. Nilirudi nikamkuta amekaa mlangoni, ndoo katikati ya miguu, tupu. Kwa kawaida saa hizo ilikuwa imejaa.

"Nimesikia mzee wa watu humwamkii," alisema. Tulizungumza Kihaya nyumbani. Ninayaandika maneno yake kama ninavyoweza.

"Ni shauri la kazi, mama. Likiisha nitamwamkia."

"Kwa sababu yangu?"

Nikaweka mkoba chini.

"Yanayokufa ni macho yangu," akasema. "Adabu yako inaumwa nini?"

Nilijaribu kumweleza kanuni, mistari, Magu. Alisikiliza akiwa ameinua uso kidogo, namna alivyozoea siku hizo. Nilipomaliza alisema kwamba huyo mzee alikuja kumwona alipotoka hospitali. Walimu walikuja wote, wakakaa, wakaomba, wakaondoka, lakini yeye alibaki akamwomba amwonyeshe njia ya bombani, naye akamwonyesha, Mzee akitembea nyuma yake bila kumshika mkono. "Wewe mwenyewe unanishika," alisema. "Yeye hakunishika." Kisha akasimama na ndoo yake, akaweka mkono kwenye jabali, akaenda. Nilibaki mlangoni, na kwa mara ya kwanza tangu karatasi ile ibandikwe niliona aibu.

Kesho yake nikaingia ofisini nikasimama mbele ya kile kiti.

"Shikamoo, Mzee."

Akainua macho, akanitazama kwa utaratibu.

"Nzuri," akasema.

Walicheka mpaka mwalimu wa taaluma akamwaga chai kwenye madaftari ya Kidato cha Tatu. Na mimi nilicheka. Mzee peke yake hakucheka, akageuza ukurasa wake.

Msidhani basi niliiondoa barua. Nilimrudishia shikamoo yake na barua nikaiacha iende.

Mkurugenzi alikuja Jumamosi. Alikaa kwenye meza ya mkuu wa shule, mkuu akakaa kwenye kiti cha mgeni, mimi na Mzee tukakaa kwenye benchi moja, karibu kiasi kwamba nilisikia anavyopumua. Barua yangu ilisomwa kwa sauti. Kusikia uongo wako ukisomwa na mtu mwingine, kwa lafudhi yake, pole pole, ni adhabu ambayo shule zetu bado hazijaigundua.

"Madamu anasema alifika kabla yako," Mkurugenzi akamwambia Mzee. "Kweli?"

Nilitazama sakafu. Ilikuwa saruji, na kwenye nyufa zake kulikuwa bado na nyuzi za pamba. Getini pale, hatua chache kutoka tulipokaa, benchi lilikuwepo. Nilijua kwamba akisema neno moja juu ya lile benchi mimi ni mwongo mbele ya mwajiri wangu, na Jumatatu nitaanza kufunga vyombo. Na hata asiposema, akinyamaza tu, daftari lilikuwa upande wake. Hakuhitaji kunisaidia kwa lolote.

Mzee alichukua muda. Alikuwa mtu wa kuchukua muda. Hata kuita majina darasani kulimchukua nusu kipindi.

"Kalamu alikuwa nayo yeye," akasema. "Alinipa."

"Alikuwa nayo kabla yako?"

"Kabla yangu."

Mkurugenzi akaegemea kiti. Alionekana amefurahi, kwa sababu jambo lilikuwa limefika mahali anapopajua. Alisema kwenye kituo cha kununulia pamba watu hupisha wazee kwenye foleni, ni jambo jema, lakini hesabu ni ya aliyegusisha gunia lake kwenye mzani kwanza. Akiamua kumsogezea mwenzake ni hiari yake na haimwondolei nafasi. Akachukua kalamu nyekundu, akalivuta daftari, akachora mshale kutoka mstari wa saba kwenda wa sita na mwingine kutoka wa sita kwenda wa saba. Kazi yote haikuchukua muda wa kunywa maji. Mkuu wa shule akasema huo ni uamuzi wa busara. Angesema hivyo hata kwa mishale ya kinyume.

Nje jua lilikuwa kali. Nilimfuata Mzee mpaka kwenye baiskeli yake, nikasimama pale nikishika mkoba kwa mikono miwili. Nilitaka kumshukuru, lakini ningemshukuru kwa lipi? Kulitaja ni kulikubali.

"Mzee," nikasema, "kwa nini hukusema?"

Alikuwa akikagua gurudumu la nyuma. "Nimesema. Kaniuliza, nikajibu."

"Hukujibu alichouliza."

"Wewe ndiye mwalimu mkubwa sasa," alisema, "utanisahihisha." Akapanda baiskeli. Akiwa ameshaweka mguu akasema, bila kunitazama, kwamba Magu ana nyumba. Ina popo, alisema, lakini ni nyumba. Nimsalimie mama.

Aliondoka wiki iliyofuata. Tulimfanyia chai ya kumuaga, na nilimiminiwa kabla yake, kwa sababu karani alikuwa ameshaizoea mishale. Sikuinywa ile chai. Nilimwambia mama kwamba nimeshinda. Akauliza nani anakwenda, nikamwambia. Akaomba ndoo yake.

Mwaka uliofuata macho ya mama yalifunga kabisa. Nilijua siku ile kwa sababu aliniuliza kama kumekucha, na jua lilikuwa limejaa chumbani. Kisha akanawa, akajifunga kanga, akatoka, akashika jabali, akaenda bombani, akarudi na maji. Hakumwaga. Nilimtazama kutoka dirishani nikiwa nimeuma vidole, na nilipoona amerudi nililia kwa furaha, kwa sauti ya chini asije akanisikia. Mtu akiniuliza leo kama ningeiandika ile barua tena, nitamwambia ningeiandika. Sioni sababu ya kudanganya mara mbili.

Ilikuwa majuma machache baada ya hapo ndipo nilipotumwa Magu kusimamia mitihani ya majaribio. Nilifika asubuhi, nikaoneshwa mlango wa Kidato cha Pili, nikasikia sauti yake kabla sijamwona. Alikuwa amechora ziwa ubaoni, ziwa lote, na visiwa vyake, bila kutazama kitabu. Alikuwa amekonda. Mezani kwake kulikuwa na daftari dogo lililo wazi, na nilitambua kwa mbali, kutokana na majina yaliyopangwa kwa safu, kwamba ni orodha ya michango ya msiba.

Nikamwamkia pale mlangoni. Akajibu marahaba, kama inavyojibiwa. Kisha akaweka chaki chini, akafuta mikono, akaligeukia darasa.

"Simameni," akasema.

Wakasimama wote, viti vikakwaruza sakafu.

"Huyu ni mwalimu wa Jiografia kutoka Igoma. Ni mkubwa wangu kazini. Siku naripoti, mimi nilimkuta."

Hakutabasamu. Hakukuwa na kejeli usoni mwake, wala hasira; alilisema kama alivyosema ziwa lina visiwa. Watoto wakanitazama kwa heshima, wengine wakimtazama yeye na mvi zake, kisha mimi, wakijaribu kufanya hesabu. Walikuwa wakingoja. Pale mlangoni nilikuwa na nafasi ya kusema kwamba sivyo, kwamba mimi ndiye niliyemkuta yeye, getini, amekaa. Nilikuwa nimekwishafungua mdomo.

"Kaeni," nikasema.

Wakakaa.